Kutembezwa mtaa wa kale bila kumaliza mfuko: aina sita, kuanzia ninayoipenda zaidi

Mtaa wa kale hauna kiingilio. Vichochoro viko wazi tangu alfajiri, na kuta zilizochujuka rangi zinatazamwa na kila mpita njia. Unapolipia matembezi ya kuongozwa, unachonunua ni macho na ulimi wa mtu mmoja kwa muda wa saa mbili hivi. Mtu huyo akiwa mzuri, ukuta uliokuwa umeupita mara tatu bila kuuona unaanza kusema. Akiwa mbovu, utarudi na picha za mgongo wa mtalii mwenzako.

Kwa hiyo kabla ya kutazama bei mimi huuliza: fedha inamfikiaje huyu anayezungumza? Jibu lake linaeleza mengi yaliyobaki. Linaeleza kundi litakuwa na watu wangapi, mtasimama wapi na kwa muda gani, na kama matembezi yataishia mlangoni mwa duka ambalo mwongozaji analipwa kamisheni kuwapeleka. Nimezipanga aina hizi kwa kigezo hicho, nikimfikiria msafiri ambaye kila senti anaihesabu.

Ukubwa wa kundi nao ni wa kuuliza mapema, tena kwa namba. "Kundi dogo" si jibu. Katika barabara nyembamba, sauti ya mtu asiye na kipaza sauti inawatosha watu kumi na tano, ishirini kwa shida. Miji yenyewe imeligundua hilo: Amsterdam iliweka kikomo cha watu 15 kwa makundi ya kuongozwa katikati ya mji mwaka 2020, na Venice ikaweka watu 25 mwaka 2024 na kupiga marufuku vipaza sauti, kwa sababu wakazi walikuwa wamechoka. Niliwahi kwenda na kundi la watu wanaokaribia arobaini. Kila nilipofika mahali pa kusimama, maelezo yalikuwa yamekwisha na mwavuli wa mwongozaji ulikuwa umeshakata kona.

1. Mwongozaji mwenye leseni, mkichangiana

Najua wengi hawategemei kuiona hii juu ya orodha ya watu wa bajeti ndogo. Wanaona bei ya mwongozaji binafsi, wanashtuka, wanafunga ukurasa. Lakini bei ile kwa kawaida ni ya kundi zima, si ya kichwa kimoja. Igawe kwa watu watano au sita na mara nyingi itakaribia, wakati mwingine itashuka chini ya, bei ya tiketi moja ya kundi kubwa. Kama mnasafiri familia nzima, hesabu hii ifanyeni kabla ya kitu kingine chochote. Kama uko peke yako, waulize wageni wenzako mahali ulipolala. Watu watatu wa kuchangia hupatikana kwa jioni moja.

Faida yake ni kwamba saa mbili zile ni zenu. Mzee akichoka mnakaa. Mtoto akiuliza kwa nini nyumba ile haina madirisha, anajibiwa.

Leseni nayo si karatasi ya bure. Italia na Ugiriki, kuongoza watalii ni kazi ya mwenye kibali, na asiyekuwa nacho anaweza kusimamishwa njiani huku nyinyi mmeshalipa. Uingereza, waongozaji wenye beji ya Blue Badge wamesomea na kufanyiwa mtihani, na wanaruhusiwa kuongoza ndani ya majengo kama Westminster Abbey, ambako wengine huishia mlangoni. Katika mji wowote uendao, tafuta kama kuna orodha ya waongozaji waliosajiliwa, kisha mwandikie mwongozaji moja kwa moja. Majukwaa makubwa ya kuuza matembezi huchukua kamisheni, mara nyingi asilimia 20 hadi 30. Ukimwendea mwenyewe, kuna nafasi ya kuelewana.

Lakini beji peke yake haitoshi, na hapa niruhusu nikawie kidogo, maana ndipo thamani ya pesa yako ilipo. Mwongozaji mzuri anatenganisha kilichoandikwa na kinachosimuliwa. Kuna hadithi zinazozunguka kutoka mji hadi mji kwa sababu zinachekesha au zinashangaza. Utaambiwa kwamba sanamu ya mpanda farasi ikiwa na farasi aliyenyanyua mguu mmoja, shujaa yule alikufa kwa majeraha, na farasi akinyanyua miguu miwili, alikufa vitani. Hakuna kanuni kama hiyo. Sanamu nyingi zinaikanusha. Utaambiwa ngazi za mzunguko za ngome zilipinda kwenda kulia ili kumnyima nafasi adui mwenye upanga mkono wa kulia. Wanahistoria waliochunguza majumba hayo hawakupata ushahidi kwamba hiyo ndiyo ilikuwa sababu, na zipo ngazi nyingi zilizopinda upande wa pili.

Nyingine ni nusu kweli, na hizo ndizo kipimo kizuri zaidi. Uingereza ilitoza kodi ya madirisha kuanzia mwaka 1696 hadi 1851, na kweli kuna watu waliyaziba kwa matofali ili wasilipe. Lakini si kila dirisha lililozibwa ni la kodi. Mengine yalijengwa hivyo tangu siku ya kwanza ili sura ya nyumba ilingane kulia na kushoto. Mwongozaji anayeonyesha kila dirisha kipofu na kusema "kodi" amekariri. Anayesimama akakuonyesha jinsi matofali yale yalivyoungana na ukuta, kisha akasema hili laweza kuwa la kodi na lile hapana, huyo mshike. Muulize kwa upole, "Hilo umelijuaje?" Kuuliza si ujinga, na mwenye elimu hufurahi kuulizwa.

2. Matembezi ya makumbusho na vyama vya historia

Makumbusho ya mji, maktaba kuu, chama cha wapenda historia ya mtaa: wengi wao huandaa matembezi mara moja kwa wiki au kwa mwezi, kwa ada ndogo, na ada hiyo husaidia kutunza majengo yaleyale mnayoyatazama. Anayeongoza aghalabu ni mwalimu mstaafu au mtu aliyetumia miaka kwenye kumbukumbu za mtaa mmoja. Kwa elimu kwa kila shilingi, sijaona kinachoizidi.

Sababu ya kutoiweka ya kwanza ni ratiba. Ukikosa Jumamosi ile, umekosa. Na lugha ni ya wenyeji. Pia hawajui kujitangaza. Tangazo huwa ubaoni au kwenye ukurasa wa makumbusho ambao hakuna injini ya utafutaji inayouleta mbele. Itakubidi upige simu au uingie uulize.

Kama tarehe zako zinabadilika, zilenge siku za wazi. Siku za Urithi wa Ulaya, zilizoanzishwa na Baraza la Ulaya mwaka 1985, hufanyika hasa mwezi Septemba na kufungua majengo ambayo mwaka mzima yamefungwa. Na kuna Jane's Walk, matembezi ya bure yanayoongozwa na wakazi wenyewe, yaliyoanza Toronto mwaka 2007 kumkumbuka Jane Jacobs, mwanamke aliyewafundisha wapangaji wa miji kutazama mtaa kwa usawa wa macho ya mtembea kwa miguu. Hufanyika wikiendi ya kwanza ya Mei katika miji mingi duniani.

3. Matembezi ya "bure" ya bakshishi

Haya ndiyo wengi mtakayoyapata kwanza: kituo cha kukutana uwanjani, mwavuli wa rangi kali, hulipi chochote mwanzoni, mwisho unatoa utakacho. Nayapenda, na nawashauri vijana wanaosafiri peke yao wayachukue. Ila jua unanunua nini.

Katika kampuni nyingi za aina hii mwongozaji hana mshahara. Zaidi ya hapo, huilipa kampuni kiasi fulani kwa kila mgeni aliyehudhuria. Ile picha ya pamoja mnayopigwa mwanzoni huwa pia ni hesabu ya vichwa. Maana yake, mgeni anayetokomea kona ya mwisho bila kutoa kitu amemwacha mwongozaji na deni. Basi yahesabu kama matembezi ya kulipia: kabla hujatoka, tazama kundi la kawaida la kulipia linatoza kiasi gani mji huo, na utenge sehemu ya maana ya kiasi hicho, tena kwa noti taslimu na chenji. Ukishindwa kwenda, futa nafasi yako mapema.

Faida ya mfumo huu ni kwamba mwongozaji anakula kwa ulimi wake, kwa hiyo wachovu hawadumu. Hasara yake inatoka palepale. Anayetegemea bakshishi huvutwa na hadithi za kusisimua, mizimu, wapenzi na wanyongaji, kuliko na historia ya nani alijenga na nani alifukuzwa. Tena kundi kubwa lina faida kwake, ilhali kwako halina.

Kwa hiyo chagua muda usiopendwa. Matembezi ya asubuhi na mapema katikati ya wiki huwa na watu wachache kuliko ya saa tano Jumamosi. Ukisoma maoni ya waliotangulia, usihangaike na nyota walizotoa. Tafuta jina la mwongozaji na neno lolote kuhusu ukubwa wa kundi. Maoni hamsini yanayosema "alikuwa mchangamfu" hayanisaidii. Moja likisema "alitueleza kwa nini barabara ile imepinda", hapo najiandikisha.

4. Mwenyeji wa kujitolea

New York ilianza mpango huu mwaka 1992 kwa jina la Big Apple Greeter, na miji mingi ikafuata, Chicago na Paris zikiwamo. Mkazi anajitolea kukutembeza mtaa wake bure, wewe na wenzako wachache, na bakshishi hapokei. Mgeni njoo, mwenyeji apone.

Nimeiweka ya nne kwa sababu mbili tu. Inabidi uombe mapema, wiki kadhaa, na jibu laweza kuwa hapana. Pili, huyu si mwanahistoria. Atakuonyesha alipokuwa akicheza utotoni na nyumba ambazo kodi ya pango iliyopanda imewahamisha majirani zake. Kama umeshapata historia kwa njia nyingine, saa mbili na mtu wa namna hii ni zawadi, na binafsi ningeyaunganisha matembezi haya na yale ya namba mbili.

5. Sauti ndani ya simu

Programu kama VoiceMap na izi.TRAVEL hukusomea maelezo kadiri unavyotembea, nyingine bure kabisa. Unasimama utakapo, unarudia, hakuna wa kukungoja. Zinamfaa mwenye haya, na anayesafiri nje ya msimu.

Zina tatizo moja ambalo matangazo hayalitaji. Mtaa wa kale una njia nyembamba na kuta ndefu, na mawimbi ya setilaiti hugonga kuta hizo kabla ya kufika kwenye simu, kwa hiyo ramani inakurusha kichochoro cha pili na sauti inaanza kukueleza msikiti ambao huuoni. Chagua matembezi yenye picha za kila kituo na uwezo wa kubonyeza kituo mwenyewe. Pakua kila kitu kabla ya kutoka, betri ijae, na sikio moja liache wazi kwa ajili ya pikipiki. Na simu haiwezi kuulizwa "Hilo umelijuaje?"

6. Anayekudaka njiani

Ni yule anayekufuata barabarani na kujitolea kukuongoza. Zanzibar wana neno lake: papasi. Kila mji wenye wageni una wake. Sisemi wote ni wabaya. Nimewahi kukutana na kijana mmoja wa namna hii aliyeujua mtaa wake kuliko yeyote niliyemlipa. Lakini ni bahati nasibu, na kipato chake mara nyingi kiko kwenye maduka atakayokupitisha.

Ukiamua kwenda naye, mpatane mkiwa mmesimama palepale, kabla ya hatua ya kwanza: jumla ya fedha kwa kundi zima na si kwa kichwa, kwa sarafu gani, muda gani, mtaishia wapi, na kwamba hakuna duka. Kama kuna viingilio vya majengo, nani anavilipa. Yaandike kwenye simu mbele yake na umwonyeshe. Akikubali yote, mwende. Akisema "tutaelewana tu, rafiki yangu", mshukuru na ushike njia yako.