Olajuwon au Mutombo: kijana mrefu wa Mbeya aige nani?

Kila tukimaliza mazoezi ya kikapu Mwanjelwa, mabishano ni yale yale: Hakeem Olajuwon wa Nigeria au Dikembe Mutombo wa Kongo? Wote wawili ni wana wa Afrika, wote walicheza misimu 18 NBA, ligi ya kikapu ya Marekani, na kwa kuzuia mitupo hakuna aliyewafikia: Olajuwon 3,830, Mutombo 3,289.

Kwa ufundi, Olajuwon yuko mbali. Alianza kikapu akiwa na miaka kama 15, baada ya mpira wa mikono na ugolikipa, na wepesi ule wa miguu ndio ulioipa Houston Rockets ubingwa 1994 na 1995. Tena miguu hufunzwa bure. Asubuhi ya Juni pale kwetu, mpira umekufa kwa baridi, haudundi kwenye saruji, bado unaweza kugeuka kushoto, kulia, kushoto.

Mutombo alikwenda Chuo Kikuu cha Georgetown, Marekani, akitaka udaktari, akahitimu isimu na diplomasia. Mwaka 2007 ikafunguliwa hospitali aliyoijenga Kinshasa, yenye jina la mama yake. Kwa maisha ya baada ya uwanja, mimi namweka yeye juu.

Mwenye miguu myepesi amtazame Olajuwon. Mrefu mzito ambaye bado yuko shule aanze na Mutombo, na daftari aje nalo mazoezini.