Zulia la Chumbani: Ununue Saizi Gani kwa Kitanda Chako

Zulia langu la kwanza la chumbani nililinunua Kariakoo kwa macho. Dukani lilikuwa limetundikwa, jekundu, limeujaza ukuta. Nikalibeba begani nikiwa na furaha zangu. Nilipolitandika mbele ya kitanda cha sita kwa sita likageuka leso iliyomdondoka mgeni: sentimita 120 kwa 170. Na asubuhi miguu ikaendelea kukanyaga marumaru za baridi, maana mimi hushukia ubavuni, na zulia nilikuwa nimelitandika upande wa miguuni, ambako hakuna anayeshukia.

Kwa hiyo kabla hujauliza chumba kina ukubwa gani, jiulize unashukia wapi. Zulia la chumbani kazi yake ni kuipokea miguu. Ukilala mwenyewe na kitanda kimebanwa ukutani, unahitaji upande mmoja tu. Mkilala wawili, pande mbili, na kila upande uwe na walau sentimita 30 za zulia nje ya mbao, vinginevyo vidole vitakaa kwenye zulia na kisigino kwenye sakafu.

Hesabu yenyewe inachanganya kwa sababu moja: vitanda tunavihesabu kwa futi, mazulia yameandikwa kwa sentimita, na muuzaji anakutafsiria kwa mdomo. Ile anayokuambia ni "tano kwa nane" mara nyingi ni 160 kwa 230. Futi nane kamili ni sentimita 244, kwa hiyo umeshapoteza sentimita 14 kabla hujatoka dukani. "Saba kwa kumi" nayo huwa 200 kwa 290, wakati futi kumi ni 305. Si lazima awe anakudanganya, ndiyo lugha ya soko. Wewe nenda na futi kamba yako, zulia lifunguliwe chini, upime mwenyewe, na matamvua usiyahesabu.

Kitanda nacho usikipime kwa godoro. Godoro la futi tano ni sentimita 152, lakini ukiweka mbao za pembeni unafika kama 160. La futi sita ni 183, na kitanda chake kinakaribia 193. Kama una stendi ya chandarua iliyosimama nje ya mbao, anzia kwenye miguu ya stendi.

Sasa nizipange, kuanzia ninayoipendekeza zaidi.

Ya kwanza ni 160 kwa 230, kwa kitanda cha tano kwa sita. Lilaze likikingama kitanda, ule urefu wa 230 uende kushoto na kulia. Toa 160 za kitanda, zinabaki 70, yaani 35 kila upande. Usiliingize mpaka kwenye vimeza vya kichwani. Liache lichomoze kama sentimita 50 miguuni na 110 zilizobaki ziwe chini ya kitanda. Chumba cha futi kumi kwa kumi kinalimeza vizuri na sakafu ya kutosha inaonekana pembeni. Chini ya kitanda cha sita kwa sita saizi hii inakusaliti: zinabaki sentimita 18 tu kila upande, ambazo hata unyayo wa mtoto wa shule haziutoshi.

Ya pili ni vipande viwili vya 80 kwa 150, kimoja kila ubavu. Wengi hawavifikirii kwa sababu dukani havivutii, lakini kwa kitanda cha sita kwa sita ndani ya chumba kidogo sijaona kinachovishinda. Ukivijumlisha ni mita za mraba 2.4, wakati lile la 160 kwa 230 ni 3.68, na zulia hulipiwa kwa ukubwa wake. Halafu kuna usafi. Vitanda vyetu vingi ni mninga au mkongo, kukiinua kimoja ni kazi ya wanaume wawili na ugomvi mdogo. Zulia lililokaliwa na kitanda cha namna hiyo litakung'utwa Iddi na Krismasi. Vipande vya pembeni unavitoa Jumamosi asubuhi, unavikung'uta, unavianika kambani, na jioni vimerudi. Kwa aliye na mafua ya vumbi, au anayekaa pwani ambako unyevu haukauki upesi, mimi ningeviweka namba moja. Kasoro yake ni kuteleza kwenye marumaru, kwa hiyo chagua vyenye mpira chini.

Ya tatu, 200 kwa 290. Hili ndilo zulia la picha za mapambo, na chini ya sita kwa sita linapendeza kweli, sentimita 48 kila upande. Lakini linataka chumba cha kuanzia futi 12 kwa 14. Katika chumba cha kumi kwa kumi linakaribia kugusa kuta zote mbili, linakwenda chini ya kabati la nguo, na mlango wa kabati ukifunguliwa unalima manyoya. Mlango wa chumba vilevile: pima upenyo ulio chini yake kabla hujanunua zulia la manyoya marefu. Na kumbuka likilowa maji halibebeki na mtu mmoja.

Ya nne ni lile langu, 120 kwa 170. Si baya, nililiweka pasipo pake. Kwa kitanda cha tatu na nusu au nne kwa sita kilichobanwa ukutani linafaa sana: lilaze sambamba na kitanda upande wa wazi, theluthi moja iingie chini. Langu sasa liko kwa mdogo wangu na yeye analisifu.

Zulia la duara na kapeti la kukata ukuta hadi ukuta nayaweka mwisho. La duara nusu yake inafichwa na kitanda, na lililobaki halifuati mstari wowote chumbani. La kukata huwezi kulitoa nje kulianika, basi.

Kabla ya kwenda dukani fanya jaribio moja. Kanga moja ina takriban sentimita 110 kwa 150. Chukua doti iliyokwisha kukatwa, tandika kanga mbili zikigusana kwa pande zao ndefu, utapata karibu 150 kwa 220, pungufu kidogo tu ya zulia la 160 kwa 230. Ziingize chini ya kitanda namna utakavyoliweka zulia. Panda kitandani, shuka kama unavyoshuka usiku taa ikiwa imezimwa. Fungua kabati, fungua mlango. Kama unaswali chumbani, tandika na msala wako uone kama bado una nafasi.

Dukani, kubaliana na muuzaji kabla ya kulipa kama atakubadilishia saizi, na aandike kwenye risiti sentimita alizokupimia.