Ramani za ukutani za Sudan Kusini zinazopatikana Kampala: ipi inafaa darasani

Mwalimu anayetafuta ramani ya Sudan Kusini mjini Kampala atakutana na aina tatu. Ya kwanza ni ramani ya Afrika iliyochapwa nje, karatasi nzito yenye plastiki juu na vijiti viwili vya mbao, ambayo huuzwa katika maduka ya vitabu. Ya pili huchapwa papo hapo kwa wachapaji wa barabara ya Nasser, juu ya turubai la plastiki kama lile la mabango ya uchaguzi, kutokana na faili yoyote mteja aliyokuja nayo. Ya tatu ni ramani ya makabila: nchi nzima imepakwa rangi, Wadinka yao, Wanuer yao, Washilluk yao, bila hata nafasi moja kubaki nyeupe.

Kwa shule ya Adjumani, Yumbe, Obongi au Kiryandongo, wilaya za Uganda zinazopokea wakimbizi wa Sudan Kusini, ambako mtoto wa Bor (mji wa Wadinka) na mtoto wa Bentiu (mji wa Wanuer) hukaa dawati moja, chaguo langu ni hiyo ya pili, mradi faili iwe ya Umoja wa Mataifa. Ya tatu isinunuliwe hata ikiuzwa kwa bei ya kutupa.

Nianze na ya karatasi. Umbo lake ni zuri na hudumu miaka mingi, na hapo ndipo tatizo lilipo, kwa sababu muuzaji huendelea kuitoa mpaka stoo iishe. Kabla ya kulipa, ikunjue mezani. Ikiwa Sudan bado ni nchi moja kutoka mpaka wa Misri hadi Nimule, mpakani na Uganda, hiyo ilichorwa kabla ya tarehe 9 Julai 2011. Nchi kubwa kuliko zote barani iwe Algeria, maana Sudan ilipoteza nafasi hiyo siku ile ile ilipogawanyika. Ukiona jina Swaziland kule kusini, ramani ni ya kabla ya 2018. Kwa P6 (darasa la sita), ambako SST, somo la jamii, inahusu Afrika Mashariki, tazama kisanduku cha Jumuiya ya Afrika Mashariki ikiwa kipo: Sudan Kusini iliingia 2016, Kongo 2022, Somalia 2024, na wanachama sasa ni 8.

Hata ikifaulu yote hayo, haitoshi kufundishia mgawanyiko wa Sudan. Kwa kipimo cha 1:10,000,000 Afrika nzima inaenea vizuri kwenye karatasi ya A0, lakini eneo la Abyei, linalogombewa na Sudan na Sudan Kusini na lenye takriban kilomita za mraba 10,000, linakuwa doa la sentimita moja kwa moja. Mtoto wa benchi la nyuma halioni. Kwenye A0 yenye Sudan Kusini peke yake, kwa kipimo cha kama 1:1,500,000, Abyei hiyo hiyo inapata karibu sentimita 7 kila upande, na jina lake linasomeka.

Ukishapata ramani ya Sudan Kusini, kitu cha kwanza ni kuhesabu majimbo. Nchi ilizaliwa na majimbo 10. Oktoba 2015, wiki chache tu baada ya kutia saini mkataba wa amani uliojengwa juu ya majimbo hayo 10, Rais Salva Kiir alitoa amri ya kuyafanya 28. Januari 2017 yakawa 32. Februari 2020, ili serikali ya umoja pamoja na mpinzani wake Riek Machar iweze kuundwa, yalirudishwa 10, yakaongezewa maeneo matatu ya utawala: Ruweng, Pibor na Abyei. Kwa hiyo hesabu sahihi ya leo ni 10 na 3. Faili za 28 na 32 bado zimejaa mtandaoni, nyingine zina rangi za kupendeza kuliko zile sahihi, na mchapaji hana sababu ya kujua tofauti.

Tofauti hiyo ina uzito mkubwa kwa watoto waliokimbia. Chukua Upper Nile. Katika hesabu ya 10, Malakal ulikuwa mji mkuu wa jimbo ambamo Washilluk, Wadinka wa Padang na Wanuer wote walikuwa na sehemu. Amri ya 2015 iliupeleka Malakal katika jimbo jipya la mashariki ya Nile lililotawaliwa na Wapadang, na Washilluk wakaambiwa jimbo lao ni ng'ambo ya magharibi ya mto. Mji ambao pande zote mbili huuita wa kwao ukahamishwa kwa karatasi. Februari 2016 mapigano yalizuka ndani ya kambi ya Umoja wa Mataifa ya kulinda raia pale pale Malakal, na zaidi ya watu 20 wakauawa. Baadhi ya waliotoka huko wamepita mpaka wa Elegu na kuingia Uganda. Ukitundika ramani ya majimbo 28 mbele ya mtoto wa Kishilluk, umemwambia kwamba amri ile ilikuwa halali, na hata hukufungua mdomo.

Ruweng na Pibor nazo zina maelezo yake, na mwalimu ajiandae kuulizwa. Ruweng ni nchi ya Wadinka iliyochomolewa katika jimbo la Unity, ambalo wengi wake ni Wanuer, na chini ya ardhi yake kuna mafuta. Pibor ni ya Wamurle hasa, nayo ilikwishapewa utawala wake mwaka 2014, baada ya uasi wa David Yau Yau kumalizwa kwa makubaliano.

Sasa mistari ya vipande. Hapa ndipo ramani ya Umoja wa Mataifa inapozishinda nyingine zote, ingawa kwa macho haivutii: rangi hafifu, herufi za kawaida, hakuna picha ya mnyama wala bendera. Pale ambapo mpaka haujakubaliwa, mstari wake umekatikakatika, na chini kuna maandishi yanayosema kwamba mpaka wa mwisho kati ya Sudan na Sudan Kusini haujaamuliwa, na kwamba hatima ya Abyei haijaamuliwa pia. Maandishi hayo ndiyo unayoyalipia. Abyei iliahidiwa kura yake, ya kuchagua kaskazini au kusini, katika mkataba wa amani wa 2005 kati ya serikali ya Khartoum na waasi wa kusini. Mahakama ya usuluhishi kule Hague ilichora upya mipaka ya eneo hilo mwaka 2009. Kura ilikuwa ipigwe Januari 2011, siku moja na ile ya kusini, ambako karibu asilimia 99 walichagua kujitenga. Ya Abyei haikupigwa, kwa sababu pande mbili hazikuafikiana nani ahesabiwe mkaazi: Wadinka wa Ngok wanaoishi humo, au pia Wamisseriya, wafugaji Waarabu wa Sudan, wanaoshuka na ng'ombe wakati wa kiangazi kutafuta maji na malisho. Oktoba 2013 Wangok walipiga kura yao wenyewe na haikutambuliwa. Ramani inayoweka Abyei ndani ya nchi yoyote kwa mstari mzima imeshatoa hukumu ambayo hakuna mahakama wala serikali mbili zilizoikubali. Angalia pia Kafia Kingi kule magharibi, na pembetatu ya Ilemi katika kona ya Kenya, ambazo nazo zinagombewa. Mstari mzima mahali hapo ni dalili kwamba mchoraji alinakili bila kuelewa.

Kuhusu ramani ya makabila, wanaoitetea husema inamsaidia mtoto kujua alikotoka. Mimi naona inamfundisha uongo. Rangi moja iliyojazwa mpaka ukingoni husema kwamba ndani hakuna mwingine, wakati Juba, Wau na Malakal ni miji ya watu waliochanganyika, wafugaji huhama kwa msimu, na vita iliyoanza Desemba 2013 imewasukuma mamilioni kutoka walikokuwa. Yugoslavia ilitoa somo hili kwa damu. Sensa ya Bosnia ya 1991 ilionyesha Waislamu, ambao leo huitwa Wabosniaki, asilimia 43.5, Waserbia 31, Wakroatia 17, na wengine kama asilimia 5.5 waliojiandikisha kuwa Wayugoslavia tu. Hao wa mwisho hawana rangi katika ramani yoyote ya makabila, wala mitaa na familia zilizochanganyika hazina. Kisha Januari 1993 wapatanishi walileta mpango wa mikoa 10, mingi yake ikiwa na kabila moja la kuiongoza. Wakroatia na Wabosniaki, waliokuwa upande mmoja dhidi ya majeshi ya Waserbia, walipigana vikali mwaka huo katika Bosnia ya kati, na mpango ule hutajwa miongoni mwa sababu: kila upande ulitaka kushika kwa bunduki kile ramani ilichouahidi. Ulinganishe na majimbo 28. Mstari wa kabila ukishachorwa, aliyebaki upande usio wake anageuka mgeni nyumbani kwake.

Kwa hiyo wale wa Senior Five (kidato cha tano) wanaotaka ramani ya Ulaya wasichukue ya rangi za makabila. Watafute ya kisiasa ambayo haina Serbia na Montenegro kama nchi moja (zilitengana 2006), yenye Macedonia ya Kaskazini kwa jina hilo lililoanza 2019, na yenye alama au maelezo kuhusu Kosovo, iliyojitangazia uhuru Februari 2008 na ambayo baadhi ya nchi hazijaitambua. Ndani ya Bosnia, mstari wa mkataba wa amani wa Dayton wa 1995, unaotenga sehemu mbili za nchi, Shirikisho na Republika Srpska, uwe mwembamba kuliko mpaka wa nchi. Nyingine huuchora unene ule ule, na mwanafunzi anadhani ni nchi mbili.

Turudi kwenye uchapaji, maana faili nzuri huharibikia hapo. Pakua PDF, si picha ya skrini. PDF yenye michoro halisi haififii hata ikikuzwa. Picha ya kawaida inahitaji kama pikseli 5,000 kwa 7,000 ili A0 isomeke kwa nukta 150 kwa inchi. Ipeleke kwa flashi au barua pepe. Ukiituma WhatsApp kama picha inabanwa, na mistari ya vipande ndiyo hufa kwanza: nafasi ndogo kati ya vipande hujaa, ukapata mpaka mzima ambao hakuna aliyeukubali. Kutoka A4 hadi A0 urefu hukua mara 4, hivyo herufi ya pointi 6 inakuwa 24, inasomeka vizuri kutoka benchi la mbele na kwa shida kutoka la nyuma. Majina ya majimbo yanafaa kuongezwa ukubwa kabla ya kuchapa. Mchapaji akijitolea kuichora upya ili ipendeze, mkatalie kwa upole, kwa sababu maandishi ya chini na mistari ya vipande ndivyo huachwa.

Omba wino wa solventi, usioyeyuka kwa maji. Mvua ikipigwa na upepo kupitia dirisha lisilo na kioo, wino wa maji hutiririka. Omba pete za chuma kila nusu mita juu na chini, maana zikiwa za kona peke yake turubai linalegea katikati. Kabla ya kuondoka, pima kwa rula upana na urefu wa fremu ya ramani: kama uwiano wake si ule wa faili, ramani imevutwa ili ijaze turubai, na irudiwe.

Shule za wilaya ya Moyo, Uganda, zina jambo moja zaidi. Mpaka wa hapo na Kajo-Keji ya Sudan Kusini unatokana na amri ya kikoloni ya 1914, na ardhini haujawekewa alama kikamilifu. Septemba 2014 Wamadi wa Moyo na Wakuku wa Kajo-Keji walipigana kwa ajili yake, na Julai 2025 wanajeshi wa Uganda na wa Sudan Kusini walirushiana risasi huko. Kwa kipimo cha 1:1,500,000 unene wa mstari wenyewe, tuseme milimita moja, ni kilomita moja na nusu ya ardhi. Ramani hii haiwezi kumwambia yeyote shamba la nani liko wapi. Mwalimu aliseme hilo mapema, na asikubali mtu yeyote, mzazi wala diwani, aje kuinyooshea kidole kama ushahidi.

Mwisho, mwambie mchapaji aache sentimita 10 tupu chini ya ramani, na aandike humo tarehe ya faili. Majimbo yamebadilika mara tatu tangu uhuru. Yakibadilika tena, bandika karatasi yenye gundi kwenye nafasi hiyo, kwa sababu kalamu ya ubao mweupe huacha doa la kudumu kwenye turubai. Likizo ikifika, ikunje kwa kuizungusha, picha ikitazama nje. Ikizungushwa kwa ndani wino hujikunja na kupasuka.