Joan Jonas: Anza na Vertical Roll

Habari zenu watazamaji, karibuni. Leo mezani hakuna simu wala spika za kukagua. Tunachambua kazi za msanii mmoja, Joan Jonas, Mmarekani aliyezaliwa New York mwaka 1936, na nitawaambia muanze na ipi.

Alisomea uchongaji. Mwaka 1970 akaenda Japani, akatazama michezo ya Noh, maigizo ya jadi ya Kijapani yenye wachezaji wa barakoa, na hukohuko akanunua Sony Portapak, kamera ya video ya kubebeka. Filamu ilibidi ipelekwe kusafishwa kwanza. Kwa video, Jonas aliigiza huku akijiona kwenye skrini papo hapo, na hilo likabadilisha kazi yake yote.

Sasa tuje kwenye Vertical Roll ya mwaka 1972, dakika 20 hivi, nyeusi na nyeupe. Mliokulia na televisheni ya chogo mnaijua ile hali: picha inaanza kukimbia, mzee anainuka kuipiga kofi ubavuni. Hutokea mawimbi ya picha na ya televisheni yasipokwenda sambamba. Jonas aliiacha ikimbie makusudi! Mstari mweusi unashuka, unashuka tena, na kijiko kinagongwa ko, ko, ko. Yeye anaigiza kwa kuufuata. Anaruka, nawe unaweza kuapa kwamba ameuruka mstari wenyewe. Miguu, mikono, uso, vyote vinakatwakatwa. Mwili wa mwanamke uliozoeleka kuwekwa kwenye televisheni utazamwe kwa raha, hapa haukupi raha hiyo hata kidogo. Halafu mwishoni kabisa kichwa chake kinatokea mbele ya televisheni, kimetulia, huku picha nyuma yake bado inakimbia. Kumbe muda wote ulikuwa unatazama televisheni inayorekodiwa na kamera nyingine. Ule mwisho ulinishika kweli.

Kasoro? Mlio ule unachosha, nakiri, na ukivaa spika za masikioni utaumia. Punguza sauti, lakini usiizime, maana mapigo ndiyo yanayoongoza mwili wake.

Kama unataka kuanza taratibu, ipo Wind ya mwaka 1968. Haina sauti, ni dakika tano na ushee: watu wako ufukweni Long Island kwenye baridi, wengine wamevaa nguo zenye vioo, wanapambana na upepo usiowapa nafasi. Nzuri sana, na haimchoshi mgeni.

Baadaye alifundisha MIT, chuo kikuu cha Marekani, akaiwakilisha Marekani kwenye maonyesho ya sanaa ya kimataifa ya Venice, Italia, mwaka 2015, akapata Tuzo ya Kyoto ya Japani mwaka 2018, na mwaka 2024 MoMA, jumba la sanaa ya kisasa la New York, ikamfanyia onyesho kubwa. Kazi hizo za baadaye ni za vyumba vizima, zina michoro, vioo na video pamoja. Kuzitazama kwenye simu ni kuzionea; ukipata nafasi ya kuingia ukumbini, ingia.

Kwa hiyo: Vertical Roll, skrini kubwa, mwanzo hadi mwisho. Usisogeze mbele hata sekunde moja, utaukosa ule mwisho.