Zardozi na jamaa zake: ipi ya kununua kwanza

Ukiingia duka la nguo za Kihindi, iwe Nairobi, Mombasa au Dar es Salaam, kila kinachometa muuzaji atakwambia ni zardozi. Mara nyingi siyo. Zardozi ni darizi ya mkono: kitambaa huwambwa kwenye fremu ya mbao iitwayo adda, mafundi wakaizunguka, wakashonea juu yake waya laini za madini, vibati vya kumeta, shanga na mawe. Ilinawiri India enzi za mfalme Akbar, karne ya 16, na hadi leo inatengenezwa kwa wingi Lucknow, Bareilly na Farrukhabad. Kwa mtu anayetafuta sari au lehenga (sketi ndefu pana ya Kihindi) ya harusi au send-off, mimi napanga hivi, na kipimo changu ni kimoja: lipia mkono wa fundi kabla ya kulipia jina la dhahabu.

Nafasi ya kwanza ni zardozi ya mkono yenye waya wa shaba uliochovywa rangi ya dhahabu au fedha. Ndiyo mafundi wengi wanayoshonea leo, kwa hiyo usione umepunjwa. Tazama dabka kwanza, yaani waya uliosokotwa kama springi nyembamba. Fundi huukata vipande vifupi, akavitunga kwenye sindano mithili ya ushanga, kimoja kimoja, mpaka jani la ua lijae. Kazi nzuri vipande vimelala bega kwa bega, wala kitambaa hakionekani katikati. Pitisha ukucha taratibu: vikiinuka au vikicheza, rudisha nguo. Kisha angalia kilichobeba uzito huo. Mahameli na hariri nzito huvumilia. Shifoni iliyojazwa dabka huvutika, na baada ya sherehe mbili mishono inaanza kuachia. Wauzaji hawapendi kulitaja hili.

Ya pili ni gota patti ya Rajasthan, jimbo la India. Utepe wa kumeta hukatwa, hukunjwa kuwa majani na maua, halafu hushonewa pembeni. Zamani utepe ulifumwa kwa dhahabu na fedha. Siku hizi nyingi ni plastiki iliyopakwa rangi ya madini, na kwa sisi wa pwani hiyo si hasara, maana haifanyi weusi upesi. Ni nyepesi, unaweza kucheza ngoma usiku kucha bila mabega kuuma. Ila kunja kidogo ua moja uone kama limeshonwa. Yapo yanayogandishwa kwa gundi, na jasho la Mombasa halina huruma na gundi.

Ya tatu, mukaish ya Lucknow, ambayo wengine huiita kamdani. Fundi hupenyeza ukanda mwembamba wa madini kitambaani, akaukunja na kuubana hadi ubaki kama nukta inayong'aa. Nguo nzima huonekana imenyunyiziwa nyota. Naipenda kuliko zote kwa macho, lakini si ya bibi harusi anayetaka kuonekana kutoka mwisho wa ukumbi, na mafundi wake wamebaki wachache. Isugue upande wa ndani wa mkono wako. Ikikwaruza, ncha hazikubanwa vizuri.

Ya nne ni darizi ya mashine, na uzi wake mwingi hutoka mji wa Surat, India. Kwa sare ya harusi mtakayovaa mara moja watu ishirini, chukueni hii, msijisumbue. Ubaya wake ni pale inapouzwa kwa bei ya mkono. Geuza nguo: mashine huacha nyuma uzi wa chini uliosawazika mwanzo hadi mwisho, mara nyingi na karatasi au wavu wa kushikilia. Mkono huacha mafundo na njia zisizolingana.

Nimeiweka mwisho zardozi yenye waya wa fedha halisi iliyochovywa dhahabu. Ni nzuri, ni urithi, lakini bei yake hufuata bei ya fedha sokoni na hewa ya chumvi huifubaza. Usinunue bila risiti iliyoandika madini. Omba uzi mmoja kutoka pindoni, ukwangue mpaka kiini: ukiona weupe ni fedha, wekundu ni shaba. Ukiuchoma ukajikunyata kuwa kidonge kigumu, hiyo ni plastiki.

Yoyote utakayochukua, isipokuwa ya mashine labda, usiiloweke. Ipeleke dry cleaner anayezijua nguo hizi, ikunje ndani ya kanga kuukuu ya pamba badala ya mfuko wa nailoni, na ubadilishe mikunjo kila baada ya miezi michache ili waya zisikatike. Pafyumu jipulizie kabla ya kuvaa.