Uzoefu wangu: darubini ya kutazama karibu katika kutambua mijusi wa jangwa la Oman

Darubini ninayoieleza hapa ni ile ndogo ya macho mawili iliyoandikwa 6.5x21, maana yake hukuza mara 6.5 na lenzi zake za mbele zina kipenyo cha milimita 21. Niliinunua kwa sababu ya sifa moja: huonyesha bila ukungu kitu kilicho umbali wa nusu mita, ilhali darubini nyingi za kutazamia ndege hazioni vizuri kitu kilicho karibu zaidi ya mita mbili. Ninaishi Muscat, na joto linapopungua huelekea kwenye Mchanga wa Sharqiya, na mara nyingine kwenye nyanda za changarawe za Jiddat al-Harasis, kutazama mijusi. Darubini hii nimeitumia huko kiasi cha kuweza kusema inafaa kwa kazi ipi na kwa ipi haifai.

Anayeanza kutambua mijusi wa jangwani hushika rangi kwanza, na rangi ndiyo isiyotegemeka. Karibu wote wana rangi ya ardhi wanayoishi, na wengine hubadilika kwa joto na kwa hasira. Trapelus flavimaculatus, ambaye ni wa ukoo mmoja na gorong'ondwa wa Afrika Mashariki, asubuhi huwa na rangi ya vumbi tu. Lakini dume aliyekwisha kupata joto, hasa akimwona dume mwenzake, koo lake hugeuka buluu na mkia ukawa wa rangi ya chungwa. Picha ya simu iliyopigwa kwa mbali haimsaidii mtu hapo, wala haiisaidii programu inayotambua viumbe kwa picha, kwa kuwa vinavyoamua ni vitu vidogo ambavyo picha hiyo haina: tundu la sikio, kope, umbo la mboni, magamba ya vidole na magamba ya mgongo.

Wako wanaosema kwamba basi mnyama akamatwe, atazamwe mkononi, kisha aachiliwe. Mimi sikubaliani nao. Mijusi wengi wa jangwani hukata mkia wakishikwa, na kuuotesha upya hula nguvu ambazo mahali pasipo na chakula cha kutosha hazipatikani kwa urahisi. Isitoshe, wanyamapori wa Oman wanalindwa kwa sheria iliyotolewa kwa Amri ya Kifalme namba 6 ya mwaka 2003. Darubini hii imenipa njia ya kuona vitu hivyo vidogo bila kumgusa mnyama, na hiyo ndiyo sababu kubwa ya kuisifu.

Nitoe mfano wa Phrynocephalus arabicus, mjusi mdogo mwenye kichwa cha mviringo anayeishi mchangani. Asubuhi anapoota jua, ukilala kifudifudi na kusogea taratibu, mara nyingi atakuacha umkaribie hadi kama mita moja. Hapo darubini huonyesha kwamba pembeni mwa kichwa hakuna tundu la sikio lolote, jambo linalomtenga mara moja na Trapelus. Kingo za kope zina magamba yaliyochomoza, ambayo huzuia mchanga usiingie machoni. Akiukunja mkia kuelekea juu ya mgongo, ncha yake nyeusi huonekana wazi. Kisha, akishakuchoka, huutikisa mwili upande huu na upande huu kwa kasi, mchanga unafunguka chini yake, naye anazama palepale ulipokuwa unamtazama.

Huko kwenye changarawe yuko mwingine ambaye pia huinua mkia kutoa ishara, Pristurus carteri. Kwa mtu aliyesimama, hawa wawili ni rahisi kuchanganywa, ingawa mmoja ni wa ukoo wa gorong'ondwa na mwingine ni wa kundi la mjusi kafiri. Mtazame jicho bila haraka: Phrynocephalus hupepesa, lakini Pristurus hapepesi kamwe kwa kuwa hana kope zinazofunga. Mboni yake nayo ni ya duara, tofauti na wenzake wengi wa usiku ambao mboni zao husinyaa zikawa mstari wa wima. Kwa darubini yangu kubwa ya ndege sikuwa nikiweza kuona hayo, kwa sababu nikisogea karibu kiasi cha kuliona jicho, picha yote ilikuwa inatia ukungu.

Kazi ngumu zaidi, na ndipo thamani ya chombo hiki inapoonekana, ni mijusi wembamba wanaokimbia kati ya vichaka. Jambo la kwanza ni kutenganisha jenasi mbili (yaani makundi ya spishi zinazokaribiana), Acanthodactylus na Mesalina, na jibu liko vidoleni: Acanthodactylus ana matamvua ya magamba pembeni mwa vidole, yaliyopangana kama meno ya kitana, ambayo humsaidia asizame mchangani anapokimbia, Mesalina hana. Ukishajua ni Acanthodactylus, tazama tena. A. schmidti, mjusi wa mchanga laini, ana matamvua marefu, magamba madogo ya mgongo na madoa meupe mengi. A. boskianus hupenda ardhi ngumu zaidi. Magamba yake ya mgongoni huongezeka ukubwa kuelekea mkiani, na kila gamba lina ukingo ulioinuka katikati. Jua la asubuhi likimpiga ubavuni, kingo hizo hutupa vivuli vidogo vinavyoonekana waziwazi ndani ya darubini.

Upungufu upo. Lenzi za milimita 21 hazikusanyi mwanga wa kutosha, kwa hiyo magharibi ikiingia chombo hakina kazi, na mijusi wa usiku wa jenasi Stenodactylus huhitaji tochi na kamera. Adhuhuri mvuke wa joto huivuruga picha ya kitu kilicho mbali kidogo. Kwa dhab, mijusi wakubwa wa jenasi Uromastyx, pia haifai sana: Uromastyx aegyptia, anayeweza kufikia sentimita 70, hukimbilia shimoni ukiwa bado mbali, na kumtofautisha na U. thomasi mwenye mkia mfupi uliobapa kama sahani hakuhitaji kuhesabu magamba. Chombo hiki hakikuzibwa dhidi ya maji wala vumbi, na gurudumu langu la kulengea lilianza kukwaruza baada ya upepo wa mchanga. Tangu hapo hukiweka katika mfuko wenye zipu, na hukipuliza kwa pampu ya mkono kabla ya kulizungusha gurudumu.

Mwenye darubini ya ndege tayari asiiuze, kwa sababu hii haichukui nafasi yake. Lakini anayetaka kutambua mijusi hadi kufikia spishi, na yuko tayari kulala mchangani saa za asubuhi, anunue hii kabla ya kununua kamera ya bei kubwa.