DVD za Loriot: mimi namhakiki mama mwenye uso mkavu

Kisanduku hiki nilikipata kwa euro 6 kwenye soko la vitu vya mtumba la Jumapili, pale Bürgerweide, Bremen, nyuma ya stesheni kuu. Ndani mna vipindi sita vya televisheni ambavyo Loriot, mchekeshaji maarufu wa Ujerumani, alivitengeneza katika shirika la utangazaji la Radio Bremen kati ya 1976 na 1978. Jina kubwa kwenye jalada ni lake, na ni haki yake, maana aliandika, akachora vikatuni na kuigiza mwenyewe. Lakini mimi natunza wazee, na wazee wa huku ukiwatajia Loriot, hawakawii kukutajia Hildegard au Bi Hoppenstedt. Wahusika wote hao waliigizwa na mtu mmoja, Evelyn Hamann. Basi nitamhakiki yeye, Loriot atanisamehe.

Mkikifungua, anzeni na kichekesho cha tambi cha 1977. Mwanamume na mwanamke wako mkahawani, bwana ameamua leo ndiyo leo, atatamka mapenzi. Anajifuta mdomo kwa kitambaa na kipande cha tambi kinamganda usoni. Kuanzia hapo tambi inahamahama, mara iko huku, mara imefika puani, na bwana haoni kitu, anaendelea kujieleza kwa sauti nzito. Kila Hildegard akitaka kufungua kinywa amwambie, anakatizwa: usiseme kitu sasa, Hildegard!

Watu wengi hapo macho yao yako kwenye tambi. Rudisha nyuma utazame upande wa pili wa meza. Jicho la Hamann linaifuata tambi, linarudi kwa adabu kwenye macho ya bwana, linaponyoka tena. Hacheki. Hakunji uso. Ni mwanamke aliyelelewa vizuri, hajui kama ni aibu zaidi kusema au kunyamaza, na sisi tunamwona akilipima jambo hilo dakika baada ya dakika. Maneno yake katika kipande chote hicho unaweza kuyaandika nyuma ya tiketi ya basi. Mwigizaji mwenye njaa ya kuonekana angetia mbwembwe kidogo, angalau atumbue macho, na kichekesho kingekufa palepale.

Chekesho zaidi ni kwamba hakuwa mtu aliyetafutwa. Loriot alitaka mwanamke mnene kiasi, wa nywele za kimanjano, yule mama wa nyumbani wa Kijerumani kama anavyochorwa. Akatokea huyu kutoka jukwaa la Bremen, mwembamba, nywele nyeusinyeusi, uso mrefu kama wa mwalimu wa hesabu. Alizaliwa Hamburg mwaka 1942, baba yake mpiga fidla aliyeongoza wapiga fidla wa okestra ya redio ya kule. Mimi huamini lile sikio la kujua lini aingie na lini asubiri lilitoka nyumbani, ingawa siwezi kulithibitisha.

Mkitaka kumwona peke yake bila Loriot pembeni, tafuteni kile kipande ambacho yeye ni mtangazaji wa vipindi. Amekaa wima mbele ya kamera, kazi yake ni kuwakumbusha watazamaji yaliyotokea katika tamthilia ya Kiingereza ya upelelezi. Shida ni majina: North Cothelstone Hall, Nether Addlethorpe, Lady Hesketh-Fortescue, na jamaa zao wote. Sisi tuliokua tukitamka thelathini na themanini tangu chekechea tunaweza kudhani hilo ni jambo dogo. Kwa Mjerumani ni mlima. Anaanza vizuri, tena kwa kiburi kidogo, halafu ile *th* inaanza kuingia mahali pa *s*, *s* inakimbilia mahali pengine, na yeye anaendelea tu na uso uleule wa taarifa ya habari. Hakuna tambi hapa, hakuna mtu wa kumpokea. Anazama peke yake, polepole, akiwa amenyoosha mgongo. Wazee wangu hiki wanakijua kwa moyo, na mmoja hukisema bila kujikwaa hata mara moja, jambo ambalo kwa kweli linakiharibu.

Bi Hoppenstedt ni mtu mwingine kabisa, mama wa nyumbani anayejifunza shuleni ule uimbaji wa milimani wa kurusha sauti juu na chini, apate diploma, ili naye awe na kitu chake mwenyewe. Ni mzaha, lakini Hamann anausema huo mstari wa kitu changu mwenyewe bila kumdhihaki mama yule hata kidogo. Muoneni pia akitembelewa nyumbani na wachuuzi, wa divai na wa mashine ya kufyonza vumbi. Anaonja divai kwa heshima zote, na anazidi kuonja.

Kasoro za kisanduku zipo. Kijerumani chake si cha kujifunzia. Ni Kijerumani cha watu wa ofisi, sentensi ndefu zenye vitenzi mwishoni, na mzaha mara nyingi umekaa hukohuko kwenye kitenzi. Baadhi ya vipande vinacheka wanasiasa na televisheni ya miaka ile Bonn ilipokuwa mji mkuu wa Ujerumani Magharibi, na kama hukuwepo, unabaki kutazama tai pana na mazulia ya kahawia. Vikatuni ni vizuri, ila kwa shida yangu mimi navipitisha, kwa sababu Hamann haonekani.

Nje ya kisanduku, maisha yake ya kazi yalikwenda hivi. Kuanzia 1985 kituo cha televisheni cha ZDF kilionyesha Die Schwarzwaldklinik, tamthilia ya hospitali iliyopigwa picha bonde la Glottertal, iliyotazamwa na watu zaidi ya milioni 25 kwa jioni moja ilipokuwa juu. Yeye ni Carsta Michaelis, mtunza nyumba. Anaingia, anasema jambo moja kavu, anatoka, na sebule nzima ya madaktari wanaolia inarudi kuwa na akili. Tatizo ni kungoja mpaka aingie. Sikuweza.

Filamu ya Pappa ante Portas, ya 1991, ni jambo jingine. Loriot ni meneja aliyestaafishwa kwa nguvu baada ya kuagiza karatasi za taipureta za kutosha miaka arobaini, na sasa yuko nyumbani mchana. Mkewe, ndiye Hamann, anashangaa kumwona.

“Unafanya nini hapa?”

“Naishi hapa.”

“Lakini siyo saa hizi!”

Hamann hapandishi sauti. Anasema kama mtu anayetaja kanuni inayojulikana na wote, na ndiyo maana mtu unacheka mpaka unashika mbavu.

Nafasi ya mhusika mkuu wa tamthilia aliipata akiwa na miaka kama hamsini, 1993, katika Adelheid und ihre Mörder ya ARD, televisheni nyingine ya taifa. Ni katibu muhtasi wa kitengo cha mauaji cha polisi Hamburg, anayetatua kesi kabla ya wakubwa wake. Wajerumani waliipenda, iliendelea mpaka 2007, mwaka aliofariki. Mimi naona walimpa maneno mengi mno. Mtu ambaye silaha yake ni kusikiliza, ukimfanya aongee dakika arobaini, umemnyang'anya silaha. Inapona pale anapoingia mama yake, anayeigizwa na Gisela May, yule mwimbaji mkubwa wa nyimbo za mwandishi wa tamthilia Brecht, kutoka Berlin Mashariki. Bibi anaongea, binti anangoja, na Hamann anarudi kuwa Hamann.

Kama pesa yako inatosha kitu kimoja, chukua vipindi sita. Ikibaki, Pappa ante Portas. Adelheid chagua zile zenye mama mtu, na Schwarzwaldklinik ukaiazime maktaba.